Hongera kwa Kasri la Wells

Makasri mengi ya maaskofu wa Uingereza ya Enzi za Kati yamebaki magofu matupu. La Wells, huko Somerset, lina magofu na bado lina mwenyewe: askofu anaishi humo mpaka leo. Linastahili pongezi.

Askofu Jocelin alianza kulijenga mwanzoni mwa karne ya 13. Baadaye Robert Burnell, askofu na Kansela wa Mfalme Edward wa Kwanza, akaongeza ukumbi wa karamu wenye urefu wa mita 35 hivi. Askofu wa zama hizo alimiliki ardhi, akatoza kodi na kukirimu wakubwa. Ukumbi ulitangaza cheo chake. Karne ya 14, Askofu Ralph wa Shrewsbury, aliyekosana na wenyeji wa mji, alijizungushia ukuta na handaki la maji.

Katikati ya karne ya 16, madini ya risasi yaliyoezekwa juu ya ukumbi yaling'olewa yakauzwa, na mvua ikafanya yake. Umebaki ukuta wa kaskazini na minara ya pembeni, madirisha marefu yakiwa wazi pande zote.

Lakini sifa kubwa ni ya Askofu Bekynton, ambaye mwaka 1451 aliwapa wananchi maji ya chemchemi za kasri, yakatiririka hadi sokoni. Mabata maji wa handakini nao hawasahauliwi: wakiona njaa, huvuta kamba ya kengele langoni, wakaletewa chakula.

Heko kwa watunzaji wanaoliacha gofu liwe gofu, na nyumba iendelee kuwa nyumba.