Kiambishi Kisicho na Jinsi, Mwili Wenye Jinsi: Ngano ya Mugumo katika "Stories of Our Lives"

Msimulizi wa ngano wa Lyulilo, kwenye ufuko wa kaskazini wa Ziwa Nyasa, aweza kumtoa mhusika wake nyumbani, akampitisha msituni na kumfikisha majini bila kusema kama ni mume au mke. Kinyakyusa, sawa na Kiswahili na Kikikuyu, hakitofautishi jinsi katika kiambishi cha nafsi ya tatu. Mtafsiri wa Kiingereza hulijua vizuri tatizo hili. Kamera haina hifadhi hiyo. Ikishamwonyesha mtu, imekwisha kumpa umbo, mavazi na mwendo. Uhakiki wa ngano zinazosimuliwa upya kwa picha kuhusu mapenzi ya jinsia moja ungefaa uanzie kwenye tofauti hii. Ni rahisi mno kuanzia kwenye marufuku za serikali na kuishia hapo hapo.

Mfano ulio karibu ni "Stories of Our Lives", filamu ya Jim Chuchu na kundi la Nest Collective la Nairobi, iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza Toronto mwaka 2014 na kupigwa marufuku nchini Kenya Oktoba mwaka huohuo. Ina visa vitano vilivyotokana na masimulizi ya Wakenya wasiotajwa majina. Katika kisa cha mwisho, "Each Night I Dream", mwanamke anawaza namna ya kutoroka na mwenzi wake wakati watunga sheria wanapotishia kuwabana. Ndipo unapoingia mugumo, mti mtakatifu wa Wakikuyu: husemwa kwamba anayeuzunguka mara saba hubadilika jinsi.

Filamu nzima ni nyeusi na nyeupe. Mtazamaji aweza kudhani ni alama ya huzuni, au ya uhaba wa fedha. Athari yake ni nzito kuliko hivyo. Kwa kuwa rangi haibadiliki popote, hakuna mahali ambapo picha inamwarifu mtazamaji kwamba ameuacha mji na kuingia katika ngano. Katika fasihi simulizi, kazi hiyo hufanywa na fomyula ya ufunguzi. "Paukwa" na "pakawa" ni mlango. Chuchu ameung'oa mlango huo. Mugumo unasimama katika kiwango kile kile cha uhalisi na tishio la sheria, na anayedai kwamba mapenzi ya namna hii yaliletwa na wageni hana budi kwanza agombane na mti.

Wanuri Kahiu, katika "Rafiki" (2018), alifuata njia nyingine: rangi kali, waridi hasa, na nguvu ya neno lenyewe la anwani, ambalo halimtaji mume wala mke.

Hata hivyo, ngano ya mugumo ina mtego. Inawaruhusu wapendanao kwa sharti kwamba mmoja wao ageuke. Kiswahili chenyewe, kinachoficha jinsi kwenye kiambishi, huidai kwenye kitenzi: mume huoa, mke huolewa. Mwanamke anayeuzunguka mti anahama kutoka kauli ya kutendwa kwenda ya kutenda; kauli zenyewe hazitikisiki. Hapa ndipo udhaifu wa kamera unapogeuka kuwa faida. Kadiri wanawake hao wawili wanavyoonekana wazi kuwa wanawake, ndivyo sharti la mti linavyokosa ulazima. Picha inabishana na ngano inayoisimulia, jambo ambalo msimulizi wa mdomo, akiwa na kiambishi chake kimoja, angelifanya kwa taabu.

Katika mfululizo wake wa picha uitwao "Pagans" (2014), Chuchu alibuni miungu na waumini wasio na majina, na hivyo hakulazimika kutii simulizi yoyote ya kurithi. Kazi hiyo ni huru zaidi, na inavutia macho. Lakini haina wa kubishana naye, na kwa sababu hiyo dakika chache za mugumo zinaizidi uzito.