Amri ya Tano na Jirani Aliyekataliwa: Uhakiki wa Filamu "Boys Don't Cry"

Filamu hii, iliyoongozwa na Kimberly Peirce na kutoka mwaka 1999, inasimulia habari ya kweli ya Brandon Teena, kijana wa miaka 21 aliyezaliwa akahesabiwa mwanamke, lakini akaishi kama mwanamume. Mwezi Desemba 1993, katika Kaunti ya Richardson, eneo la wakulima jimboni Nebraska, Marekani, wanaume wawili waliokuwa rafiki zake waligundua siri yake, wakambaka usiku wa Krismasi. Tarehe 31 walimwua katika nyumba ya shambani karibu na Humboldt.

Ubora wa filamu umo katika kuonyesha kwamba wauaji hawakuwa wageni. Walikula naye na kucheka naye. Tena inaonyesha jinsi aliyedhulumiwa alivyohojiwa kama mshtakiwa. Hapo mtunzi hakutia chumvi: Brandon alitoa taarifa, sherifu akamwuliza maswali ya kumdhalilisha, na watuhumiwa wakaachwa huru. Mwaka 2001 Mahakama ya Juu ya Nebraska iliamua kwamba kaunti ilizembea kumlinda.

Hata hivyo tunaona kasoro kubwa. Usiku ule walikufa watu watatu: Brandon; Lisa Lambert, aliyekuwa akiishi katika nyumba ile; na Phillip DeVine, kijana mweusi mwenye ulemavu wa mguu. Lisa amepewa jina jingine, naye DeVine amefutwa kabisa. Kazi inayomlilia aliyekataliwa haikupaswa kumkataa mwingine.

Je, haya yanatuhusu nini sisi wachungaji? Katika Katekisimo Ndogo, Luther anafundisha kwamba Amri ya Tano haikomi katika kutoua. Yatudai pia kumsaidia jirani katika shida zote za mwili. Wapo washarika wanaodhani kwamba kumlinda mtu wa namna hii ni kuyaidhinisha maisha yake. Lakini Msamaria wa Luka 10 hakumhoji majeruhi kabla ya kumfunga jeraha. Vijijini, ambako kila mtu amjua mwenzake, neno la dhihaka likitoka mimbarani hufika sokoni kabla ya jioni, na mwenye fimbo hulipokea kama ruhusa.

Tunawashauri wanafunzi waitazame, wakijua kwamba ina matukio makali. Kisha wajiulize: Brandon angalibisha mlango wa nyumba ya mchungaji usiku ule wa Krismasi, angalifunguliwa, au angalihojiwa kwanza?