Mguu Mwepesi wa Dereva wa Bungoma

Kabla ya mapambazuko mjini Kitale, dereva wa matatu ya Bungoma ameshafungua boneti. Anachomoa kijiti cha oili, anakifuta kwa kitambaa, anakirudisha, anakichomoa tena na kukisogeza penye mwanga wa tochi. Anakagua maji ya rejeta. Anazunguka gari akipapasa kila tairi kwa kiganja, akitafuta msumari au uvimbe. Ndipo anawasha injini na kuiacha ingurume taratibu. Mji huu uko takriban mita 1,900 juu ya usawa wa bahari. Asubuhi zake ni baridi, na injini baridi haiharakishwi.

Abiria 14 wanapoingia, kondakta anaweka mizigo mizito chini na myepesi juu yake. Mzee anayeumwa goti anapewa kiti cha karibu na mlango. Dereva anafuatilia yote hayo kwenye kioo, maana uzito aliobeba ndio utakaomwambia aanze kushika breki umbali gani kabla ya kona.

Kondakta anagonga bodi mara mbili, gari linaondoka. Barabara inapita Kiminini, Kamukuywa na Misikhu hadi Webuye, Mlima Elgon ukiwa upande wa kulia. Bungoma iko chini ya Kitale kwa karibu mita 500, kwa hiyo sehemu kubwa ya kazi ni kulizuia gari. Dereva hushusha gia kabla mteremko haujaanza. Injini inalishikilia gari, na mguu wake unaigusa breki kidogo tu. Mama anayesinzia kiti cha nyuma hata hagutuki.

Kutoka Webuye wanaingia barabara kuu ya Malaba, penye malori marefu, bodaboda na matrekta yanayovuta miwa kwenda kiwanda cha Nzoia. Hapa subira inaonekana wazi. Nyuma ya trekta, dereva anaacha nafasi ya kutosha ili aone mbele. Anatazama kioo, anawasha taa ya kuashiria, anachungulia. Dereva wa trekta akimpa ishara kwamba njia ni nyeupe, anashukuru kwa honi fupi, lakini hapiti mpaka aone kwa macho yake. Abiria mmoja anasema, “Mzee, si ukanyage kidogo?” Anajibu, “Tutafika tu,” na kurudi nyuma ya trekta.

Kondakta naye ana kazi yake. Noti amezikunja kwa urefu na kuzipanga katikati ya vidole kulingana na thamani. Anakumbuka nani anadai chenji, nani amelipa kwa M-Pesa na nani anashuka Bukembe. Gari likikaribia kituo anagonga bodi mara moja, na dereva anatoka barabarani kabisa kabla ya kusimama.

Kazi ya kusafirisha abiria imebadilika sana nchini Kenya. Mwanzoni mwa karne ya 20, Mombasa ilikuwa na vigari vya abiria vilivyosukumwa na watu juu ya reli nyembamba. Reli ilifika Kitale mwaka 1926. Mwaka 1973 Rais Jomo Kenyatta aliruhusu matatu kubeba abiria bila leseni maalumu ya biashara hiyo, na kazi ikawafungukia wengi. Miaka ilivyokwenda, jina la dereva wa matatu likaanza kutajwa pamoja na fujo. Kanuni za Waziri John Michuki, zilizoanza kutekelezwa Februari 2004, zikaleta mikanda, sare, mstari wa manjano na kidhibiti mwendo cha kilomita 80 kwa saa.

Kidhibiti kinazuia mwendo, lakini hakiwezi kumfundisha mtu kusubiri nyuma ya trekta. Hilo dereva huyu amelijenga mwenyewe, na linamgharimu. Mwenye gari anataka kiasi chake kila jioni, na kinachobaki ndicho cha dereva na kondakta; kila dakika ya subira inatoka mfukoni mwao. Tukitaka ustadi wa namna hii uenee, dereva alipwe mshahara unaojulikana, asiwe mtu wa kuokota riziki yake kwa kukimbia. Anayefikisha watu 14 salama amekwisha kufanya kazi kamili.