Duane Jones na Sauti ya Ben

Wahakiki wanapoizungumzia filamu ya George Romero, Night of the Living Dead (1968), hutaja kwanza kwamba shujaa wake ni mtu mweusi, ilhali mswada haukusema lolote juu ya rangi yake. Romero mwenyewe alieleza kuwa Duane Jones alichaguliwa kwa sababu aliwashinda wengine katika majaribio. Maelezo hayo ni ya kweli, lakini yanamwacha mwigizaji kama mtu aliyeokotwa na bahati.

Katika mswada, Ben alikuwa dereva wa lori mwenye lugha ya ukali, isiyo ya msomi. Jones, mtu wa fasihi na jukwaa, aliyageuza maneno hayo yapatane na usemi wake mwenyewe. Hapo ndipo filamu ilipopata uzito. Ben anagongomea mbao milangoni na madirishani huku akisema kwa utaratibu, kama apimaye kila neno. Anayepayuka ni Cooper, mzungu atakaye wote wajifungie katika chumba cha chini ya nyumba. (Na tukiri kwamba Cooper hakukosea kabisa: Ben aliuvuka usiku kwa kujificha mumo humo alimokataa kuingia.) Asubuhi wenye bunduki wanampiga risasi wakimdhania mfu. Kwa kuwa tumemsikia akifikiri usiku kucha, hatuwezi kuipokea risasi ile kama ajali tu. Wapo wanaoifasiri kwa kifo cha Martin Luther King, Aprili 1968. Lakini wakati huo filamu ilikwisha kupigwa. Nguvu yake imo katika uigizaji wenyewe.

Ushahidi ulikuja miaka 5 baadaye. Katika Ganja & Hess (1973) ya Bill Gunn, Jones ni Dakta Hess Green, mwanaanthropolojia tajiri achomwaye kisu cha kale, kisha akashikwa na kiu ya damu isiyokatika. Utulivu uliokuwa ngao ya Ben, hapa ni pazia la kufichia uraibu. Sauti ni ile ile, na sasa inatutia hofu. Filamu hiyo ilionyeshwa Cannes. Nyumbani Marekani wasambazaji wakaikatakata na kuitoa kwa majina mengine.

Jones alifariki mwaka 1988, akiwa ameacha filamu chache na miaka mingi ya ualimu na uongozaji wa michezo ya kuigiza. Atakaye kumsoma vema na atafute Ganja & Hess katika nakala isiyokatwa, kisha arudi kwa Ben.