Televisheni Zanzibar ni zaidi ya "ya kwanza"

Karibu kila andiko kuhusu Televisheni Zanzibar, liwe makala ya gazeti, hotuba ya maadhimisho au aya mbili ndani ya kitabu cha historia ya habari, lina sentensi ileile: TVZ, iliyoanza 1973, ndiyo televisheni ya kwanza ya rangi Afrika kusini mwa Sahara. Halafu nukta. Mwandishi anaruka mpaka 2013, TVZ ilipounganishwa na redio ya serikali kuwa Shirika la Utangazaji Zanzibar, ZBC. Miaka 40 imepita hapo katikati na hatujaambiwa kitu.

Sina ugomvi na ukweli wa sentensi hiyo. Kenya walikuwa na televisheni tangu 1962 na Uganda tangu 1963, lakini ya nyeusi na nyeupe. Afrika Kusini, pamoja na utajiri wake wote, ilisubiri mpaka 1976, maana serikali ya makaburu iliiogopa. Huku Bara, Mwalimu Nyerere aliiona ni anasa ya wachache, na vituo vya mwanzo, vya watu binafsi, vikaja 1994. Yaani ndani ya nchi moja, Rais alisema haifai, na Makamu wake wa Kwanza, Abeid Amani Karume, akasema inafaa sana, tena iwe ya rangi! Hata hapo tu pana mjadala mzito, na sisi tunaupita kwa kusema "ya kwanza".

Ugomvi wangu ni kwamba sentensi hii inatuzuia kuuliza. Ni ya kujisifu, na anayejisifu huwa hapendi kuhojiwa. Mimi nina maswali matatu.

La kwanza: nani alilipa? Jibu ni karafuu. Serikali ilikuwa mnunuzi pekee wa karafuu, ikimlipa mkulima sehemu ndogo tu ya bei ya soko la dunia, na sehemu kubwa ya karafuu hizo ilitoka Pemba. Ndiyo miaka hiyohiyo ambayo hazina ilikuwa na fedha za kigeni na watu wakipanga foleni ya chakula. Sisemi kwamba televisheni ndiyo iliyowanyima watu mchele. Ninasema kwamba historia ya kituo ambayo ndani yake hamna mchumaji karafuu hata mmoja ina upungufu, kwa sababu rangi zile zilitoka mikononi mwake kabla hazijafika kwenye kioo.

La pili: ilianza katika hali gani? Hapa sisi wasomaji wa fasihi tuna ushahidi ambao watu wa historia ya habari huusahau. Karume aliuawa tarehe 7 Aprili 1972, hivyo televisheni aliyoitaka ilianza chini ya Aboud Jumbe. Mwaka 1973, kesi ya uhaini iliyotokana na mauaji hayo ilikuwa inaendelea. Sasa chukua *Haini* ya Adam Shafi, riwaya iliyotoka 2003, inayomfuata Hamza katika kamatakamata na gereza la wakati huo. Isome huku ukikumbuka kwamba nje ya kuta za gereza lile watu walikuwa wanaanza kuzoea picha za rangi. Riwaya haikuandikwa ili iwe historia ya televisheni, na haina deni hilo. Lakini ukiviweka pamoja, kioo kinachong'aa na chumba kisicho na dirisha, unaanza kuiona Zanzibar ya 1973 nzima nzima. Kila kimoja peke yake kinadanganya kidogo.

La tatu ndilo linaloniuma zaidi: nani alitazama, na alisikia nini? Seti ziliwekwa sehemu za umma ili watu watazame pamoja. Kwa hiyo televisheni ilianza kama baraza: watoto chini mbele, wazee nyuma, na bila shaka yupo yule mmoja anayemjibu mtangazaji kila neno. Kutazama huko ni kutazama kwa maneno, si kwa kimya. Utani, lawama, minong'ono ya mambo yasiyosemeka kwa sauti, vyote ni sehemu ya kipindi, na hakuna kamera iliyoelekezwa upande huo.

Halafu kuna lugha. Kiunguja ndicho kilichochaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu miaka ya 1920 na 1930. Kwa miaka 20 hakukuwa na kituo kingine cha televisheni katika Jamhuri nzima ya Muungano isipokuwa hiki kilichokaa nyumbani kwa Kiunguja chenyewe. Mhakiki wa lugha angetamani kujua: mtangazaji wa 1975 alisoma taarifa kwa usanifu wa vitabuni, au lafudhi ya mtaani kwake ilimponyoka? Maigizo je, yalizungumza kama watu wa Ng'ambo au kama watu wa redio?

Ukitaka kumsikia Siti binti Saad leo, utamsikia, kwa sababu mwaka 1928 alikwenda Bombay na sauti yake ikakatwa kwenye santuri. Ajabu ni kwamba sauti ya 1928 inapatikana kirahisi kuliko jioni moja ya televisheni ya 1975. Mikanda ya video ilikuwa ghali, na vituo vingi duniani viliifuta na kurekodi juu yake. Hata BBC, yenye fedha zake, ilifuta vipindi ambavyo leo inavitafuta kwa tochi. Mkanda hauna subira ya kitabu. Kitabu ukikisahau kabatini miaka 40, panya akikusamehe, utakikuta.

Ndiyo maana nasema kazi hii ni yetu pia, tusiwaachie maofisa wa habari peke yao. Aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1973 sasa amepita 70. Mafundi, watangazaji na waigizaji wa mwanzo wanazidi kupungua, na watazamaji wao vilevile. Bado sijakutana na riwaya ya Kiswahili iliyoiweka seti ile ya mtaani katikati ya kisa chake, na watu wameizunguka, kila mtu na siri yake. Kama ipo, jamani nitajieni niisome.

Kama haipo, anza na mzee aliye karibu nawe. Usimuulize kama ilikuwa ya kwanza, hilo atakujibu kwa sentensi tuliyoizoea. Muulize alikaa wapi, nani alikuwa pembeni yake, na nani siku hiyo hakuwepo.