Filamu na Dhamana ya Mtengenezaji Huru

Filamu ilitumika mapema nchini mwetu kama chombo cha mtawala. Mwaka 1935, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Waingereza walianzisha mradi wa kutengeneza picha za kuwafunza Waafrika kilimo, afya na kuweka akiba. Mwafrika alionekana katika picha hizo, lakini kauli haikuwa yake. Baada ya Uhuru, mwaka 1968, Serikali iliunda Kampuni ya Filamu Tanzania ili taifa lijitengenezee picha zake.

Leo mzigo huo umewaangukia zaidi watengenezaji binafsi. Mmoja wao ni Amil Shivji. Kampuni yake inaitwa Kijiweni, na jina hilo halikuchaguliwa bure, kwani kijiweni ndipo wasio na kazi wanapoizungumza dunia. Katika Shoeshine (2013) alimweka mbele yetu mng'arisha viatu wa Dar es Salaam. Katika T-Junction (2017), wachuuzi wa njia panda. Mwaka 2021 alitoa Vuta N'Kuvute, kutokana na riwaya ya Adam Shafi iliyochapishwa mwaka 1999, ambayo wanafunzi wetu wengi wameisoma.

Tunaisifu filamu hii kwa mambo mawili. Kwanza, imeiamini lugha yetu: mapenzi, siasa na mzaha vyote vimebebwa na Kiswahili, wala hakikuelemewa. Pili, imefungamanisha uhuru wa namna mbili. Yasmin anakimbia ndoa aliyochaguliwa. Denge anapambana na ukoloni Unguja. Mtazamaji anatambua kwamba taifa haliwezi kuwa huru ilhali binti yake amefungwa nyumbani.

Hata hivyo, ipo kasoro. Riwaya inatuonyesha kwa mapana jinsi wanyonge wanavyojadiliana, wanavyojipanga na wanavyoteswa. Filamu imevutwa mno na uzuri wa usiku, bahari na vichochoro. Twamwona Denge akiupenda uhuru, lakini hatusikii vya kutosha ni hoja zipi zilizomfikisha hapo. Uzuri ukizidi hoja, dhiki hugeuka pambo.

Filamu hii ilionyeshwa katika tamasha la Toronto, nchini Kanada, mwaka huo wa 2021. Heshima hiyo ni yetu sote. Lakini mtengenezaji huru asiyetumwa na Serikali wala tajiri bado anaweza kutumwa na makofi ya ugenini bila kujijua. Kinga yake ni hadhira ya nyumbani inayojua kupima, na hadhira hiyo hulelewa shuleni.

Kwa hiyo yafaa walimu wawaonyeshe wanafunzi filamu hii baada ya kusoma kitabu, si badala yake. Kisha wawaulize: ni nini kilichoachwa, na kwa nini? Kijana anayeweza kujibu swali hilo hatadanganywa na picha, iwe ya mgeni au ya ndugu yake.