Mikondo ya Sauti na Matini: "Bohemian Rhapsody" na Obokano ya Suneka

"Bohemian Rhapsody", wimbo wa kundi la Queen uliotolewa mwaka 1975, husikilizwa kama kitu kimoja. Utepe wake asilia, hata hivyo, una mikondo 24 ya sauti, na anayeuchunguza kwenye mitambo ya studio anaweza kuusikiliza mkondo mmoja huku mingine ameinyamazisha. Kwa mhakiki wa fasihi simulizi zoezi hili lina mvuto wa hatari, kwani laonekana kutimiza tamaa ya zamani ya kuichambua kazi ya sanaa hadi chembe yake ya mwisho. Makala haya yanashikilia kwamba tamaa hiyo haitimii hata hapo.

Chukua neno "Bismillah", lisikikalo katika sehemu ya wimbo inayoiga opera. Freddie Mercury alizaliwa Unguja mwaka 1946 katika familia ya Waparsi, ambayo ilihamia Uingereza baada ya Mapinduzi ya 1964. Ni rahisi kulieleza neno hilo kwa wasifu wake: ingawa wazazi wake hawakuwa Waislamu, hakuna mtoto wa Unguja asiyelisikia. Maelezo hayo si ya kupuuzwa. Lakini katika utepe neno ni la kwaya, na kwaya yenyewe ni watu watatu tu, Mercury, Brian May na Roger Taylor, waliorudia kuimba juu ya sauti zao wenyewe hadi wakawa umati. Kwaya hiyo haikuwahi kukutana mahali popote isipokuwa kwenye utepe. Uhakiki wa kiwasifu unamkabidhi mtu mmoja neno ambalo mikondo inawapa wengi.

Kuna jambo zito zaidi. Mikondo 24 haikutosha. Sauti zilizokwisha kurekodiwa ziliunganishwa katika mikondo michache ili nyingine zipate nafasi, kisha zikaunganishwa tena. Utepe ukapita mashineni mara nyingi hata ukaanza kuchakaa. Kwa hiyo anayeutenga mkondo mmoja leo hasikii chembe. Anasikia mseto ambao watayarishaji waliuamua mwaka 1975 na ambao haufumuliki.

Suneka, kwenye barabara itokayo mji wa Kisii kwenda Migori, tatizo hili lina sura nyingine. Obokano ya Abagusii ni kinubi kikubwa cha nyuzi nane chenye mvumo mzito wa kukwaruza, na mpigaji ndiye mwimbaji. Mtafiti anaweza kuweka kipaza sauti kimoja mbele ya kinywa na kingine mbele ya ngozi ya ala. Sauti ya mtu itavuja ndani ya kile cha ala, na mvumo wa nyuzi ndani ya kile cha kinywa. Wimbo wa Queen watenganishika, japo kwa kiasi, kwa sababu sehemu zake ziliimbwa kwa nyakati mbalimbali. Wimbo wa Suneka hautenganishiki kwa kuwa haukuwahi kuwa sehemu.

Na bado wanafunzi wa fasihi simulizi huutenganisha kila mwaka, tena bila mitambo. Hunakili maneno ya Ekegusii, huyafasiri kwa Kiswahili, huyapanga katika beti, kisha huyaita matini. (Kwamba wengi wao wamekwisha kukariri darasani kuwa fani na maudhui ni pande mbili za sarafu moja ni kinaya cha aina yake.) Pale fanani anaponyamaza na nyuzi zikaendelea, ukurasa huwa mtupu, na mhakiki huupita utupu huo kama mwisho wa ubeti. Hadhira haiupiti: kwake nyuzi ndizo zilizoshika zamu ya kusema. Unukuzi wa wimbo wa Suneka hauna budi kuonyesha zamu hizo kwa alama, pamoja na urefu wake kwa sekunde, hata kama ukurasa utapoteza sura ya shairi.